Jeni wa Ngeli ya I-ZI

Wifi yangu akipokea shati la mteja, kwanza hulinusa. Wateja hudhani anatafuta harufu ya jasho. Hapana, anatafuta lilikolala. Ni dobi, na udobi wake ameugeuza upelelezi. Akitazama kola anajua nani amegombana na mkewe, na akigeuza mfuko anajua nani ameacha sigara kwa mdomo tu. Mtaa mzima unamwita Mpelelezi, ila akitokea mlangoni wote wanasema, "Shikamoo, mama."

Mimi ni dada wa mume wake, na ndimi ninayempigia pasi. Kiwanda nilikokuwa nashona kilipofungwa, yeye ndiye aliyeniita, akaniweka kwenye meza ya pasi katika chumba cha mbele cha nyumba yao, kati ya mashine ya kufulia na rafu ya nguo za wateja. Hakuniuliza kama najua kupiga pasi. Aliniuliza kama nina tabia ya kupekua mifuko ya watu, maana kazi hiyo, alisema, ina mwenyewe.

Msimwone mbaya. Ana moyo mkubwa, lakini mlango wa moyo huo una mlinzi, na mlinzi halali. Ukimpa zawadi anakuuliza kwa nini leo. Kaka yangu alipomposa, aliomba apewe nafasi ya kufikiri, kumbe anazunguka kwa wenye nyumba wote ambao kaka aliwahi kupanga kwao, akiuliza kama ni mtu wa kufunga mlango taratibu au wa kuubamiza. Wote walisema taratibu. Akaona wamepangwa. Aliolewa hivyohivyo, akiwa bado anafanya uchunguzi, na naamini mpaka binti yao anaanza shule faili lilikuwa halijafungwa.

Kaka yangu naye watu wanamwita Winchi. Anafanya kazi kwa watu wa kuhamisha vyombo vya nyumba, na kabati la milango mitatu alikuwa akilipandisha ghorofani peke yake huku anapiga mluzi. Wenzake walikuwa wanashika friji watu wawili, yeye anawaambia, "Nipisheni, mtaichubua." Alizipenda sana nguvu zake, na sisi tulizipenda pia. Ukitembea na mtu kama yule huogopi kitu.

Sasa mwanzo wa yote ulikuwa mabega ya shati.

Siku hiyo wifi aliniita kwenye beseni, akaninyooshea shati la kazi la mumewe. "Tazama," akasema.

"Natazama. Safi."

"Ndiyo hapo! Safi kabla sijalifua. Mbeba mizigo anarudi nyumbani na mabega safi? Huyu siku nzima alikuwa amebeba nini, mawingu?"

Nikacheka. Yeye hakucheka. Akanipa lingine la juzi, nalo mabega yake meupe, na kwenye mgongo lina harufu ya mafuta ya kuchulia, yale yanayowasha pua. "Mimi sijamchua," akasema. "Kuna aliyemchua."

Kuanzia hapo akamvalia njuga. Kila alichofanya kaka yangu kikawa ushahidi. Akiinuka kwenye kiti alikuwa anasukuma magoti kwa viganja viwili, kama mzee, na wifi akasema hiyo ni dhamira inamlemea. Alianza kutangulia kulala, wifi akasema anakwepa maswali. Siku moja alimsifia mboga, basi akala yeye peke yake, maana wifi alikaa akimtazama tu anavyotafuna.

Kisha ikaja simu. Nyuma ya nyumba ndiko tunakoanika, na siku hiyo kamba zilikuwa zimejaa mashuka ya nyumba ya wageni. Kaka yangu alipita katikati ya mashuka, akidhani yuko peke yake, akapiga simu kwa sauti ya chini. Mke wake alikuwa nyuma ya shuka la pili, na pini za nguo mdomoni. Aliporudi ndani alikuwa amebadilika rangi. Akafunga mlango wa mbele, jambo ambalo halifanyi mchana hata kama kuna msiba.

"Ana mwanamke," akasema. "Anaitwa Jeni."

"Nani kakwambia?"

"Yeye mwenyewe, kwa mdomo wake. Jina lina kitu mbele, kama Fosi, kama Fosfa. Fosfa Jeni."

"Wifi, mzazi gani atamwita mtoto Fosfa?"

"Wazazi wa siku hizi wanawaita watoto chochote." Akaketi. "Amesema, 'Fosfajeni imekwisha mapema leo. Nikakaa kidogo, ikarudi.' Halafu akasema, 'Hapana, mke wangu hajui. Wala dada yangu asijue kwanza.' Ndiyo maana nakwambia wewe. Kama hataki ujue, basi humo kwenye njama."

Hiyo ndiyo namna yake ya kukuamini, na usipoipokea hupati nyingine. Lakini mimi niliyakumbuka masomo yangu ya shule, nikaona nimepata pa kumtetea ndugu yangu.

"Subiri kwanza. Alisema 'imekwisha' au 'amekwisha'?"

"Imekwisha."

"Ikarudi, au akarudi?"

"Ikarudi. Kwa nini?"

"Basi si mtu. Mtu yuko ngeli ya A-WA. Jeni angekuwa mwanamke, angesema amerudi. Hicho ni kitu, kiko I-ZI. Pengine ni betri."

Wifi alinitazama kwa huruma, kama mtu anayemtazama mtoto aliyedanganywa kwa peremende. "Dada," akasema, "wewe humjui mwanamume. Amemficha mwanamke ndani ya ngeli."

Na tangu siku ile, mtanisamehe, hata mimi nikaanza kunusa. Shaka inaambukiza kuliko mafua. Nilimwona kaka yangu akinikwepa macho. Jioni moja alikuja mpaka kwenye meza yangu, akashika shika waya wa pasi, akaniuliza, "Dada, unajisikiaje siku hizi? Mikono haichoki?" Tangu lini Winchi akauliza habari za mikono ya mtu? Nikamjibu pasi haijawahi kumnenepesha mtu. Akacheka kidogo, akaenda zake. Nilipomsimulia wifi, akatikisa kichwa: "Mwenye hatia huwa na huruma."

Baadaye akaupata unga. Ulikuwa kwenye mkoba wa kazi wa kaka, ndani ya kopo lililowahi kuwa la kahawa, unga mweupe, laini. Wifi hakupiga kelele. Alichota kijiko, akautia kwenye beseni la maji, akakoroga. Anajua kila aina ya sabuni ya unga iliyoingia sokoni, zenye fosfati na zisizo na fosfati, na ipi inakula kitambaa.

"Hautoi povu," akasema. Akachovya kidole, akaonja. "Wala hauna ladha."

"Kisicho na povu wala ladha kina kazi gani?"

"Ni dawa ya nguvu. Mwanamume akianza kunywa nguvu kwa kificho, jua zina pa kwenda." Akaukoroga tena, ingawa ulikuwa umeshayeyuka. Nilikuwa sijawahi kumwona akiogopa. Miaka yote ile alikuwa akitafuta, lakini nadhani hakutaka kupata. Alimpenda kaka yangu kupita kiasi, ndiyo shida yenyewe. Mtu asiye na cha kupoteza hanusi mashati.

"Kesho tunamfuata," akasema. "Nikimkuta na huyo Jeni, nitachukua mwanangu na mashine yangu, nitamwachia mabeseni."

Kesho yake tulifunga duka mchana kweupe na kubandika karatasi kwamba maji yamekatika. Wifi alijitanda shuka kubwa la kijivu, akaniambia nitembee kama mtu anayekwenda dukani. Nikamuuliza mtu anayekwenda dukani anatembeaje. Akaniambia ninyamaze.

Tulianzia kazini kwake. Magari ya kuhamishia vyombo yalikuwa yamepangwa uani, vijana wanapakia makochi. Kaka yangu hakuwa miongoni mwao. Wifi akamwendea msimamizi, akajifanya anataka kuhama nyumba.

"Nataka yule anayeitwa Winchi. Nasikia anabeba peke yake."

Msimamizi akajikuna kidevu. "Winchi siku hizi habebi, mama. Anasimama nyuma ya magari, anayaongoza yakirudi kinyumenyume. Na leo kaomba ruhusa, ana miadi."

"Miadi?" Wifi alinigeukia. Lile neno lilimwingia kama mwiba. "Wapi?"

"Kule kwenye majengo ya hospitali, nadhani. Huwa anakwenda na mkoba wake."

Basi mabega ya shati yamejibiwa, nikajisemea. Lakini sikupata nafuu. Kwa nini mtu mwenye nguvu zake asimame nyuma ya magari kupunga mikono, tena asimwambie mkewe? Wifi alikuwa na jibu tayari: Jeni ni muuguzi.

Tulikata viwanja viwili, tukaingia majengo ya hospitali kwa mlango wa pembeni. Ulikuwa ukumbi mrefu, sakafu imeoshwa punde, milango yote imefungwa. Wifi alipita mlango mmoja mmoja akitega sikio, nami nyuma yake, nikiona haya kama mwizi wa kuku. Mlango wa mwisho ulikuwa na kioo cha ukungu. Tukasikia sauti ya mwanamke, changa, tamu:

"Sukuma. Sukuma tena. Usiogope, nimekushika."

Na sauti ya kaka yangu, ikihema: "Siwezi."

"Unaweza. Kidogo tu."

Sikuwahi kumzuia. Wifi aliusukuma ule mlango ukagonga ukuta. Kaka yangu alikuwa amelala chali kwenye kitanda kifupi, suruali imekunjwa juu ya magoti, jasho linamtiririka, na binti mmoja mwenye koti jeupe amemshika unyayo kwa mikono miwili.

"Wewe ndiye Jeni?" wifi akamuuliza.

Yule binti akatutazama, mguu bado mkononi. "Jeni gani, mama?"

"Fosfa Jeni! Usinifanye mtoto. Anakwisha, anarudi, anakwisha, anarudi. Leo amerudi mke!"

Kisha yule binti akaushusha mguu wa kaka yangu polepole, akaziba mdomo, na mabega yake yakaanza kutikisika. Alicheka mpaka akashika meza. Kaka yangu naye akafumba macho, nikadhani ana hasira, kumbe anacheka, lakini cheko lake halikuwa na sauti.

"Mama, karibuni, kaeni," binti akasema alipopata pumzi. "Mimi ni daktari wa viungo. Fosfajeni si mtu. Hata si kitu kimoja. Ni jina la ukoo."

"Ukoo wa nani?"

"Wa vitu vilivyomo ndani ya misuli. Unajua fosfati?"

"Ya kwenye sabuni? Nani anamfundisha nani hapa?"

"Basi tumekutana. Msuli nao una fosfati yake, ila imefungwa pamoja na kitu kingine na inashika nguvu. Vitu vya namna hiyo ndivyo tunaviita fosfajeni. Sisi binadamu tuna ya kwetu, kamba na kaa wa baharini wana ya kwao, ndiyo maana nasema ni ukoo. Fosfa ni hiyo fosfati. Jeni, hapo mwishoni, maana yake kinachozaa, kinachotoa." Akatafuta mfano, macho yakizunguka chumbani. "Ukiwasha jiko la mkaa, unaanza na nini?"

"Kiberiti."

"Fosfajeni ndiyo kiberiti. Ukiinua kitu kizito kwa ghafla, msuli hausubiri mkaa ushike. Unatumia hiyo kwanza, na inakwisha upesi, kwa sekunde chache tu. Ukipumzika, inarudi. Ndiyo maana nilimwambia asiseme tu 'nimechoka', maana hiyo hainisaidii. Aniambie inakwisha wakati gani na inarudi baada ya muda gani. Na ule unga anaokunywa unasaidia mwili kuitengeneza."

Nilimkanyaga wifi mguu kwa furaha. "I-ZI!" nikamnong'oneza. "Nilikwambia!" Nilijisikia mwepesi. Hakuna mwanamke, hakuna mashine kuhamishwa, na mimi sarufi yangu imeshinda. Nilikuwa nimeshaanza kupanga nitakavyoisimulia mtaani.

Wifi hakunitazama. Alikuwa amevuta kiti karibu na kitanda, amekaa, na macho yake yalikuwa kwenye magoti ya mume wake. Mapaja yale, ambayo zamani yalikuwa yakipasua mishono ya suruali, yalikuwa yamekonda kama ya mvulana. Niliyaona pale, wakati mmoja na yeye.

"Kiberiti cha mtu mzima hakiishi tu bila sababu," akasema. "Daktari, mume wangu ana nini?"

Yule binti akamtazama kaka yangu. Kaka yangu akatazama dari.

"Ana ugonjwa wa misuli," daktari akasema. "Inalegea polepole. Mazoezi haya na ule unga vinasaidia kuibakisha iliyopo. Havitauondoa."

Nilingoja wifi alie. Akamshika mumewe mkono, akamwambia, "Na wewe ukaona unifiche hili? Mimi ninayejua mpaka vifungo vya watu wasionihusu?"

"Nilitaka nikwambie nikiwa na maneno," kaka yangu akasema. "Kila siku nayakosa."

"Mficha maradhi kilio humfichua, baba." Kisha nikaliona lile jicho lake likirudi, lile la kugeuza mifuko. "Lakini kuna kitu hakijakaa sawa. Kunificha mimi naelewa, ni mke, ulihofia nitahangaika. Dada yako je? Ulisema kwenye simu, dada yangu asijue kwanza. Kwa nini dada?"

Kaka yangu akaanza kukunjua suruali ifunike magoti.

"Nasema kwa nini dada? Kuugua kwako kunamhusu nini yeye?"

Nikataka kusema ni kwa sababu nina mdomo, kila mtu anajua. Lakini kaka yangu alikuwa amegeuza uso, ananitazama kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu, na yale macho hayakuwa ya mtu anayeogopa umbea wangu.

"Ugonjwa huu," daktari akasema, sasa akichagua kila neno, "haukuanzia kwake. Unatokana na jeni. Si ile fosfajeni, hii ni jeni yenyewe, ule urithi mtoto anaoupata kwa wazazi, kama sura, kama rangi ya macho. Moja ina kasoro."

Wifi akainua kichwa. "Kwa hiyo Jeni yupo."

"Ipo," daktari akasema taratibu.

Baba yetu aliishia kwenye kiti. Alikuwa seremala, na alipoacha kuinua randa watu walisema ni pombe, wengine wakasema uvivu, na mama alisema ni mkono wa mtu. Sisi tulisema lolote lililosemwa siku hiyo. Nilimwona tena pale hospitalini, mikono imekaa mapajani, viganja juu.

"Binti yangu?" wifi akauliza.

"Inawezekana anayo, inawezekana hana. Ni kama kurusha shilingi, kwa kila mtoto. Anaweza kupimwa mkiamua, hakuna haraka ya leo." Kisha yule daktari akanigeukia mimi. Alikuwa na uso wa upole, na upole ule niliuchukia. "Na kwa kila mtoto wa baba yenu pia ilikuwa hivyohivyo. Kaka yako alitaka akwambie mwenyewe. Dada, naomba usimame hapa mbele yangu. Inua mikono yote miwili, iende juu kabisa, iguse masikio."

Nilisimama. Nilivua mtandio nikamshikisha kaka. Kwa miezi kadhaa mkono wa kulia ulikuwa unanikatalia kwenye rafu ya juu, na nilikuwa nimeulaumu mto wa kulalia, nikabadilisha mto. Niliinua. Wa kushoto ulipanda. Wa kulia ulipanda nao, ukafika usawa wa bega, ukaanza kutetemeka, ukasimama. Nilisukuma kwa nguvu zangu zote. Kaka yangu alifunika uso kwa ule mtandio.

Ndipo nikahisi kiganja chini ya kiwiko changu. Wifi alikuwa amekuja nyuma yangu bila kuniambia, amejibanza kwenye mgongo wangu, na kile kiganja kigumu cha sabuni kilikuwa kinausukuma mkono wangu juu, polepole, mpaka ukafika sikioni.

"Mama," daktari akasema, "mwache ainue mwenyewe."

"Ameinua mwenyewe," akasema mwanamke ambaye tangu nimjue hajawahi kumwachia mtu uongo mmoja upite. "Mimi nimesimama tu hapa. Mkono wake mzima. Andika hivyo, daktari. Andika ni mzima."

Na hakuutoa mkono wake.